Mwigizaji wa Kufungua Milango

Sidab, Maskati
Shaaban, 1968

Kwako dada yangu Rukia,

Naomba barua hii ikukute na afya, wewe na wanao, na mama yetu akiwa ameketi pale pake dirishani na tasbihi yake. Vipi magoti yake? Vuli imeanza huko? Kila anayefika kutoka Mombasa namkamata kumuuliza, lakini wanaume hawajui kuuliza khabari za watu. Wanakuja na bei ya karafuu tu. Nibusie mkono wake. Mwambie mwanawe mzima, anakula, anasali, na jua la huku halijamchoma kama alivyokhofia.

Barua hii inapita Mombasa kuja huko Unguja kwa mkono wa mtu ninayemwamini, kwa hivyo nimeandika bila ya kujificha. Msomee mama mpaka pale ntakapokwambia usimame. Kuanzia hapo isome peke yako kwanza, kisha utajua mwenyewe namna ya kumwambia.

Sisi tupo. Ami Khalfan bado anauza vitambaa Matrah, anatoka asubuhi na kurudi alasiri amechoka, na mkewe, Bi Sharifa, ananitazama kama mtoto wa tumbo lake. Nyumba imebanwa baina ya mlima na bahari, na mlima wenyewe ni jiwe tupu, hauna hata mpapai. Kutwa tunanukia papa anayeanikwa nje. Kaskazi imeanza kuleta ubaridi kidogo, alhamdulillahi, maana miezi ya joto tulikuwa tukilala juu ya dari na shuka zilizorowa maji, na alfajiri zimeshakauka kama karatasi. Majirani ni watu wema lakini hawanijui. Kiarabu changu kinawachekesha watoto wao. Wananiita Zinjibariya. Ndiyo dunia, dada: kwetu tuliambiwa sisi Waarabu, na huku kwa Waarabu tunaambiwa sisi Waswahili.

Kazi yangu ya ualimu huku haina pa kukaa. Skuli ya wasichana hapana. Ndiyo maana huu sasa ni mwaka wa pili nafanya kazi kwa mwanamke wa Kizungu, na leo nataka nikueleze khabari zake, kwa sababu bila ya yeye yaliyonifika mwezi uliopita yasingenifika.

Nilimpata dukani kwa Ami. Siku hiyo nilikuwa nimemfuata nichague kitambaa cha Bi Sharifa, tunazungumza Kiswahili chetu, na kuna Mzungu mmoja mtu mzima, nywele nyeupe, anapapasa majora ya hariri kwa vidole kama anayetafuta sindano. Akageuka kwangu.

"Mama," akasema, "wewe natoka wapi? Hiki Kiswahili mimi najua."

Ami akaachia mkasi. Nikamjibu nnatoka Unguja.

"Mimi nimekaa Arusha," akasema. "Miaka mingi. Mimi si Mwingereza, usifikiri. Bwana yangu ndiye Mwingereza, anapima ardhi ya mafuta huko jangwani. Mimi ni mtu wa Poland."

Akanishika mkono asiuachie. Alikuwa hajasema Kiswahili na mtu tangu kuja Maskati, na macho yake yalikuwa yanakufa. Daktari wa Bombay alikuwa amemwambia hapana dawa. Alitaka mtu wa kukaa naye mchana, amwandikie barua zake za Kiingereza, amsomee, amshike mkono kwenye ngazi. Ami hakupenda. Tulipofika nyumbani akaniuliza, "Binti wa ndugu yangu, mwalimu, akamtumikie Mzungu?"

"Simtumikii, Ami. Namwazima macho."

Baada ya siku mbili tatu akaniruhusu.

Jina lake Halina, na mimi nikamwita Bi Halina. Unakumbuka marehemu baba akitusimulia kwamba wakati wa vita vikubwa kulikuwa na Wazungu maskini Tanganyika, wanakaa vibanda vya makuti na kulima mchicha wao wenyewe, na sisi tukicheka tukidhani anatutania? Basi ni kweli. Bi Halina alikuwa mmoja wao. Nchi yao iko baina ya Wajerumani na Warusi, na vita vilipokuja kila mmoja akala upande wake. Yeye na mumewe walikimbilia mashariki, Warusi wakawachukua wakawapeleka kwenye misitu ya theluji kukata magogo, kila mmoja kambi yake. Baadaye wakafunguliwa, wanaume wakaingia jeshini, wanawake na watoto wakapitishwa Ajemi, wakapakiwa melini mpaka Afrika. Kiswahili alijifunza kwa wanawake wa sokoni Arusha, ndiyo maana anazungumza kama anayeuza ndizi.

Kabla ya hayo yote alikuwa mwigizaji wa sinema.

Aliponiambia sikumwamini. Kuna baadhi ya Wazungu, wakifika mbali na kwao, kila mmoja alikuwa mtu mkubwa. Lakini yeye hakusema alikuwa mkubwa. "Mimi nilikuwa mtu wa nyuma ya pazia," alisema. "Hakuna aliyenijua. Mume wangu naye alikuwa mtu wa kufungua mlango."

Mchana tulikuwa tukikaa kwenye veranda yake, upande wa kivuli, mimi nashona, yeye anasimulia. Mumewe huyo wa kwanza aliitwa Vitoldi. Ujanani mwake, picha zilipokuwa bubu, alikuwa kijana mzuri, mrefu, ana nyusi nzito, na mabwana wa sinema wa Warsaw walimpa kazi za maana: mara ofisa wa jeshi, mara mchumba aliyetupwa. Tabu yake moja, alikuwa na kigugumizi. Katika picha bubu kigugumizi hakimdhuru mtu. Anafungua mdomo, maneno yanafuata yameandikwa, basi.

Kisha picha zikaanza kusema. Bi Halina anasema ilikuwa kama mafuriko, wiki moja uko nchi kavu, wiki ya pili kila kitu kinaelea. Wapiga piano na fidla waliokuwa wakipiga muziki ndani ya majumba ya sinema walifukuzwa wote. Kamera zilikuwa na kelele kama cherehani, ikabidi zifungiwe ndani ya kibanda pamoja na mpiga picha, na mpiga picha hutoka amelowa jasho kama aliyetoka hamamuni. Chombo cha kunasia sauti walikificha ndani ya jagi la maua, na waigizaji wote wakawa wanazungumza na maua. Tramu ikipita nje, kazi inasimama. Na wale waliokuwa maarufu kwa sura wakapimwa sauti. Bibi mmoja mzuri sana aliyependwa na nchi nzima alionekana sauti yake kama bawaba isiyotiwa mafuta. Bi Halina alikuwa akiimba kwenye vilabu vidogo. Wakamchukua, wakamsimamisha nyuma ya pazia, yule bibi anafungua mdomo mbele, yeye anaimba nyuma. Nchi nzima ikaziimba nyimbo zile. Jina lake halikuandikwa hata pembeni mwa tangazo.

"Ulikasirika?" nilimuuliza.

"Nilikuwa na njaa, mama. Mwenye njaa anakasirika baadaye."

Walikuwa kundi zima la watu hao wasiojulikana. Wanakusanyika asubuhi uani, kwenye baridi, wanapiga miguu chini, wanangoja mtu atoke awachague: wewe leo mpishi, wewe polisi, wewe maiti. Kulikuwa na kizee mmoja aliyekuwa bibi wa kila mtu katika kila picha, na mtu mfupi mnene ambaye kazi yake ilikuwa kuanguka. Wengi wao walikuwa Mayahudi. Wajerumani walipoingia waliwamaliza, na mji wenyewe wakauchoma, na picha zao zikaungua humo humo. Bi Halina alipofika hapo alikuwa akiniambia nimletee maji.

Vitoldi kigugumizi chake kilimshusha mpaka kuwa mtumishi. Anafungua mlango, anainama, anafunga mlango, hasemi kitu. Mpaka siku moja bwana mmoja akamwonea huruma akampa sentensi. Moja tu. Amwendee yule bibi mkubwa katikati ya karamu amwambie: "Bibi, gari limefika, na mvua imeshaanza." Wiki nzima alikuwa akitembea chumbani mwao akiisema. Anaisema akinyoa, anaisema akivaa viatu, na kila akifika kwenye gari anakwama. Bi Halina akamfundisha aivute kidogo kama anayetaka kuimba. Siku ya kupiga picha akaisema, mara moja, hakukwama. Walipotoka uani wote walimpigia makofi, mpaka kizee. Bi Halina anasema hakuwahi kumwona mtu na furaha kama ile kwa sababu ya gari lisilokuwepo na mvua isiyokuwepo.

Tangu alipofika Arusha, na alipoolewa na huyu Mwingereza, na mpaka amekuja huku, alikuwa akiuliza kwa watu wa kwao waliotawanyika kama kuna nakala ya picha ile iliyosalimika. Barua za mwisho nilimwandikia mimi. Na mwaka huu, baada ya Maulidi, ikaja. Mzee mmoja wa kwao aliyeko London alikuwa na nakala chakavu. Akamwazima.

Maskati sinema hapana, unajua, lakini kwenye kambi ya watu wa mafuta wana mashine yao na mtambo wa umeme, na mtu wa kuiendesha ni Mgoa mmoja mpole anaitwa Bwana Lobo. Akakubali kutuonyesha mchana, watu wakiwa kazini. Nilimwomba ruhusa Ami.

"Sinema?" akasema.

"Anataka kumwona marehemu mumewe, Ami. Na haoni."

"Basi wewe utaona kwa niaba yake," akasema. "Nenda, lakini uvae buibui lako vizuri."

Dereva wa Kibaluchi akatupeleka. Bwana Lobo alikuwa ameziba madirisha ya bwalo la chakula kwa mablanketi na kutundika shuka ukutani. Tulikuwa sisi watatu tu, na harufu ya supu ya mchana. Bi Halina alikuwa amevaa gauni la rangi ya zabibu na mkufu, na mkono wake ndani ya mkono wangu ulikuwa baridi, katika joto lile.

Mashine ikazunguka. Ukutani wakatokea watu. Lakini sauti iliyotoka ilikuwa ile ya mafuta yanayokaanga. Chaaa, basi. Bwana Lobo akasimamisha, akapangusa, akaanza tena. Vilevile. Akawasha taa, akautoa ukanda akautazama karibu na jicho, na nilimwona uso wake ukibadilika.

Akatueleza kwa Kiingereza, na mimi nikamfasiria Bi Halina kwa Kiswahili ingawa alikuwa keshasikia. Katika ukanda wa picha, sauti huwa imeandikwa pembeni kabisa, mstari mwembamba. Unyevu ulikuwa umeingia ndani ya bati miaka na miaka, ukungu ukaula ule ukingo. Picha imesalia. Sauti imekwisha.

Tulikaa. Nje kuna mtu alikuwa akigonga bomba. Kisha Bi Halina akasema, "Mwambie aendelee."

"Bi Halina, hapana kitakachosikika."

"Na mimi hakuna nitakachoona. Wewe niambie."

Basi nikaanza kumwambia. Mwanzo nilikuwa naona haya, kama ninayesoma kwa sauti mbele ya mkaguzi. Nyumba kubwa. Mataa. Wanawake wa nywele fupi wanacheza dansi, na muziki hapana. Bibi mmoja mzuri anasimama karibu na piano, anafungua mdomo. "Anaimba," nikasema, na Bi Halina akaanza kuimba taratibu, sauti ya kizee imekwaruza, na nikaona kwamba ndiyo sauti iliyostahiki kuwepo pale. Bwana Lobo akavua kofia yake.

Nikaendelea. Bwana mnene amemkasirikia mtu. Watu wanakunywa. Mlango unafunguka.

"Nani?" akaniuliza.

"Mtu mrefu. Ana glavu nyeupe."

"Nyusi?"

"Nzito."

"Anasimama vipi?"

Nilitazama. "Kama mtu aliyekanyaga mwiba na hataki watu wajue."

Akacheka, dada, akacheka na machozi yanamtoka. "Viatu si vyake. Vilimbana. Endelea, mdomo wake?"

"Haujafunguka. Anamtazama yule bibi. Anavuta pumzi. Sasa."

Na Bi Halina akasema. Aliisema kwa lugha yao, kwa sauti nzito ya kiume, kwa kuivuta kidogo kama kuimba, na mimi nilikuwa natazama mdomo wa yule mtu ukutani. Vilikwenda pamoja. Alipofika mwisho Bi Halina na mdomo ule ukafunga. Mtu yule akainama, akarudi nyuma, akafunga mlango.

"Amekwenda?" akauliza.

"Amekwenda."

"Hakukwama."

"Hakukwama."

Bwana Lobo akamuuliza kama anataka arudishe pale. Akamwambia kwa haki kwamba ukanda umekuwa kama jani kavu, unaweza kukatika. Bi Halina akafikiri. "Asirudishe," akasema. "Usije ukakatika pale pale aliposimama."

Tulipanda gari, tukafika kwenye kona ya mlima. Hapo ndipo Bi Halina aliponiambia jambo ambalo katika miaka miwili hakuwahi kuniambia. Siku zote nilidhani hapana aliyemletea khabari ya kifo cha mumewe. Kumbe mtu alikuja. Kambini kule Arusha, askari mmoja aliyekatwa mkono, alisafiri siku nyingi kumtafuta, akasimama mlangoni mwa kibanda chake akamwambia: Nilikuwa na Vitoldi ndani ya treni, tunatoka Urusi, akashikwa na homa, akafa, tukamshusha kwenye stesheni.

"Nikamwambia, wewe mwongo," alisema Bi Halina. "Nikaingia ndani nikafunga. Alikaa nje kwenye jua mpaka mchana, labda nitatoka. Sikutoka. Akaenda. Nilifikiri nikikataa kusikia, basi haijawa. Baadaye nilipotaka kumuuliza, sikujua hata jina la yule mtu. Sikumuuliza stesheni gani, Zeyana. Ile treni ilipita nchi nzima. Sasa ramani yote ni kaburi lake, na mimi sijui pa kuweka ua."

Hapa simama, dada. Mama mwache apumzike.

Ulipokuwa ukiniandikia, mara zote ulikuwa ukisema, "Khabari za Seif bado hatujapata," na mimi nikishukuru kwa lile "bado." Toka siku ile ya Januari, mwaka wa mapinduzi, alipotoka nyumbani jioni kwenda shamba Mwera kutazama karafuu zake zilizoanikwa, nimekuwa nikijihesabu mke wa mtu aliye safarini. Watu wamekuwa wakiniambia nikubali kwamba amekufa. Ami alikwenda kwa kadhi bila ya kunishauri, akarudi akasema mke wa mtu aliyepotea ana muda wake katika sheria, na muda huo umefika, naweza kufunguliwa. Nilimwambia mimi sikufungwa. Hakulirejea tena.

Kuna mtu hapa Matrah anaitwa Bwana Nassor. Unamjua, ni yule aliyekuwa na kiduka cha mafuta ya taa njia ya kwendea Mwera, mtu mwembamba mwenye baka shavuni. Alikuja na watu waliotolewa gerezani wakapakiwa chomboni. Sasa anashona kofia barazani kwa watu. Tangu kufika amenijia mara mbili. Mara ya kwanza nilimtuma Bi Sharifa aseme kichwa kinaniuma. Mara ya pili nilimsikia uani akisema, "Mwambieni nna amana yake, si mzigo, ni maneno," na nikapanda juu ya dari nikakaa na nguo zilizoanikwa mpaka alipoondoka.

Asubuhi ya siku ya pili baada ya sinema nilimwambia Ami, "Nipeleke kwa Bwana Nassor." Alitafuta viatu vyake mahali ambapo havikuwepo, kisha tukaenda.

Alikuwa kwenye baraza yake na sindano. Aliponiona akaiweka chini, akasogea nikae. Ami akataka kutuacha, nikamwambia akae. Nikasema, "Bwana Nassor, nimekuja kuchukua amana yangu. Niambie yote, na mahali uniambie."

Akaniambia. Ntakufupishia, kwa sababu mkono wangu haukubali yote. Waliwakamata njiani, yeye na Seif na wengine, wakawaweka kwenye sakafu ya karafuu kutwa nzima juani. Kulikuwa na mzee mmoja mgonjwa, na Seif alikuwa akimwombea maji kila anayepita, mpaka wakampiga kwa sababu ya maji hayo. Jioni waliwatoa. Bwana Nassor alianguka mwanzo, wenziwe wakamwangukia, na akabaki hai chini yao. Alfajiri alikuja Mzee Makame, yule mwenye nyumba karibu na tanuri la chokaa, Mwafrika wa watu, mchanga mikononi, amekuja na wanawe wawili na majembe. Akamtoa Bwana Nassor akamficha kwenye banda lake la mbata; gerezani walimtia baadaye, alipotoka. Waliokufa akawazika, mmoja mmoja, hakuwatupa pamoja, huku akisoma Yasini kwa sauti ya chini, na angelionekana naye angeliuawa. Seif yuko nyuma ya tanuri, wa tatu kutoka upande wa njia.

Nikamuuliza, "Ulimwona uso?"

"Nilimfunika mimi, binti yangu. Kwa kanzu yangu."

"Alisema neno?"

Bwana Nassor alisugua magoti yake. "Alisema neno dogo, sijui kama litakufaa. Tulipokuwa pale sakafuni alisema, komeo la mlango wa uani linakwama, na mke wangu yuko peke yake, hajui kulifunga mpaka alisukume kwa bega. Alirudia mara nyingi. Lilikuwa likimtia wasiwasi."

Wewe unalijua komeo lile. Mimi na wewe tulilisukuma.

Nililia pale pale barazani kwa watu, na wapita njia wakitazama, na Ami akasimama mbele yangu akatandaza joho lake kunikinga.

Tukaenda kwa yule kadhi. Akanieleza kwa upole kwamba wanazuoni wana kauli mbili: kuna wanaosema eda yangu imekwishapita zamani, maana inahesabiwa tangu kufa kwake, na kuna wanaosema huanza siku khabari inapofika. Akasema mimi sina lawama nikichukua iliyo nyepesi. Nikamwambia naichukua ya pili. Nataka nimkalie, dada. Kila mtu alimpita tu. Hapana aliyekaa kwa ajili yake. Basi sasa nnakaa. Nimevaa nyeupe, chumba kimefungwa mapazia, Bi Sharifa ananiletea uji, na wale majirani wasionijua wamekuja wote, wakakaa nami chini, na yule anayenicheka Kiarabu changu zaidi kuliko wote ndiye aliyenifulia shuka.

Bi Halina alikuja siku ya tatu, dereva amemshika mkono. Wanawake wakashangaa Mzungu kuketi juu ya mkeka na kusema "poleni" kama mtu wa sokoni Arusha. Hakunipa maneno mengi. Alikaa mpaka adhuhuri na kiganja chake juu ya goti langu. Alipokuwa anaondoka akaniambia kazi ya mumewe imekwisha, baada ya Ramadhani wanahamia Uingereza, mji ambao hamjui mtu na sasa hatauona. Sitaweza kutoka kumuaga. Macho yake yamekwisha kabisa. Taa na giza kwake sawa.

Sasa nakuomba, Rukia. Ukipata siku tulivu, nenda Mwera kama unayekwenda kununua mbata. Mtafute Mzee Makame, kama yuko hai. Mpe mkono, umwambie mke wa yule wa tatu anamsalimu na anamwombea kila sala. Akuonyeshe. Usiweke alama, usilie kwa sauti, usilete watu. Simama kidogo, msomee Fatiha, na mwite kwa jina lake na la babake, asikie mtu wa nyumbani. Khitma msomeeni ndani, watu wachache, milango imefungwa. Na kama ulikuwa unajua, na kwa huruma yako ukaniandikia "bado," sikulaumu. Huenda ndilo lililonifikisha hapa. Lakini neno hilo usiniandikie tena. Mama mwambie polepole, alasiri, baada ya kula. Alimpenda.

Nisalimie shemeji, mumeo, na umpe asante zangu kwa kuwa ukuta wenu. Nisalimie shangazi wa Malindi, na yule mkunga wetu mzee aliyetupokea sote, na fundi seremala jirani aliyekuwa akicheza bao na Seif. Yeye mwambie, ana haki ya kujua. Wanao wabusu macho. Ami Khalfan na Bi Sharifa wanakusalimuni nyote, na Bwana Nassor anaomba radhi kwa mama kwamba alichelewa.

Nimeiandika barua hii kwa siku tatu, na mara nyingi kalamu imesimama mahali pamoja. Nnataka kuandika jina langu kama lilivyo sasa, na wewe uliye huko ndiwe wa kwanza kulisoma.

Ndugu yako,
Zeyana, mjane wa marehemu Seif